Thelma Ritter na fedha za kaburi

Jana usiku, watoto walipokwisha kulala, nilirudia kutazama Pickup on South Street, filamu ya Samuel Fuller ya mwaka 1953, na kama ilivyonitokea mara zote zilizotangulia, sikujishughulisha sana na mwizi wa mifukoni wala na binti aliyeibiwa pochini, bali nilikaa nikimsubiri Moe. Moe ni mwanamke wa makamo mwenye kuuza tai katika mitaa ya New York, na chini kwa chini huwauzia polisi majina ya wezi. Akiba yote anaiweka kwa ajili ya kitu kimoja, yaani kaburi lake mwenyewe, kwa sababu anaogopa kuzikwa kule wanakozikwa watu wasio na mwenyewe. Anayemwigiza ni Thelma Ritter.

Katika onyesho lake la mwisho anarudi chumbani, santuri inapiga, na mbele yake yuko mtu mwenye bastola anayetaka aambiwe mahali alipo yule mwizi. Ritter halii wala hapazi sauti. Anasema tu kwamba amechoka, kwamba yeye ni kama saa kuukuu inayoelekea kusimama, na anayasema hayo taratibu, kama mtu anayehesabu sarafu za mwisho. Kisha kamera inamwacha, inaigeukia santuri, na risasi inalia. Nilirudisha nyuma mara tatu.

Bibi yangu mzaa mama alikuwa na sanduku la bati chini ya kitanda, na ndani yake sanda aliyoinunua kwa fedha za vitumbua, imekunjwa vizuri pamoja na udi. Alipotuonyesha hakuwa na huzuni hata kidogo. Alikuwa na fahari ya mtu ambaye hatamwachia yeyote mzigo wake. Fahari hiyo hiyo ndiyo niionayo kwa Moe anapotaja akiba yake, na sijui mwigizaji mwingine ambaye angeitoa bila kuomba huruma yetu.

Ritter alizaliwa Brooklyn tarehe 14 Februari 1902, akasomea uigizaji, akapanda jukwaani akiwa bado kijana, kisha akaiacha kazi hiyo kwa miaka kadhaa ili kulea watoto wake wawili, na aliporudi alianzia kwenye michezo ya redio. Filamu ilimpata akiwa na umri wa miaka 45. Katika Miracle on 34th Street ya mwaka 1947 aliigiza mama aliyechoka kuzunguka madukani akitafuta gari la zimamoto la kuchezea la Krismasi kwa ajili ya mwanawe, nafasi ndogo kiasi kwamba jina lake halikuandikwa kwenye orodha ya waigizaji, lakini ilitosha kuwafanya wakuu wa studio wamtafute tena. Ninaitafakari sana ile miaka ya malezi. Watu huihesabu kuwa imepotea. Mimi naamini uchovu wa mama yule dukani ulitoka humo humo, kwa sababu uchovu wa namna hiyo haufundishwi chuoni.

Baada ya hapo aliteuliwa mara 6 kuwania Oscar ya mwigizaji bora msaidizi wa kike, nne kati ya hizo mfululizo kwa filamu za 1950 hadi 1953, na hakushinda hata mara moja. Jambo hili linaniuma, na kwa Moe linaniuma zaidi. Jukwaa lilimtendea haki: mwaka 1958 alipata tuzo ya Tony kwa mchezo wa nyimbo New Girl in Town, akaigawana na Gwen Verdon, nyota wa mchezo huo huo. Kwa maneno mengine, yule aliyewekwa pembeni alipimwa kwenye mizani moja na aliyewekwa katikati, na mizani ikalingana.

Alifariki New York tarehe 5 Februari 1969, zikiwa zimesalia siku 9 atimize miaka 67.

Nilipozima runinga, kilichobaki machoni pangu kilikuwa kile kipande kifupi baada ya kifo cha Moe, pale jeneza lake linapokuwa tayari limepakiwa chomboni kupelekwa kwenye makaburi aliyoyaogopa, na yule mwizi, ambaye Moe aliwahi kumuuza kwa polisi, anakwenda kulidai ili akamzike mwenyewe.