Usiruhusu chumba kisafishwe

Kwa miaka kadhaa nilikuwa mhudumu wa vyumba kwenye meli za kitalii, na kazi ile ukiitazama vizuri ni kazi ya kufuta. Shuka la jana linaondoka, glasi inasuguliwa mpaka haina alama ya kidole, takataka zinamwagwa. Abiria akirudi kutoka kwenye chai ya asubuhi akute chumba kama hakuna aliyewahi kulala humo. Ndiyo maana mtu akiniuliza kama meli ni salama, naanzia chumbani, mawimbi baadaye.

Kuzama kunaogopwa kupita kiasi. Meli ya kitalii ya Costa Concordia ilipogonga mwamba Januari 2012 walikufa watu 32, na baadhi ya abiria walikuwa hawajafanyishwa zoezi la kujiokoa. Kanuni zikabadilishwa: sasa zoezi hufanyika kabla meli haijaondoka au mara tu inapoondoka. Nenda hata kama umechoka na safari. Yanayotokea mara nyingi zaidi hayana kishindo. Katika takwimu za makosa ya melini zinazochapishwa na Wizara ya Uchukuzi ya Marekani, makosa ya kingono ndiyo yanayoongoza, tena kwa mbali.

Meli kubwa kabisa za leo hubeba abiria zaidi ya 7,000, bila kuhesabu wafanyakazi. Mji gani wa watu wengi hivyo hauna kituo cha polisi? Walinzi wapo, lakini mshahara wao unatoka mfuko uleule uliokuwa unanilipa mimi. Wengi niliowafahamu walikuwa watu wa haki. Hata hivyo, anayemchunguza mfanyakazi mwenzake, ndani ya mali ya mwajiri wao, ana mtihani hata akiwa malaika. Na mkishatoka kwenye maili 12 za bahari ya nchi, mamlaka ya kwanza ni ya nchi ya bendera. Soma nyuma ya meli: Nassau ya Bahamas, Panama, Valletta ya Malta. Huko ndiko ilikosajiliwa, na mpelelezi wa huko hafiki saa nane za usiku.

Asubuhi moja kwenye orodha yangu kulikuwa na chumba chenye mlinzi mlangoni. Msimamizi wangu alitaka shuka zibadilishwe na taulo ziondolewe kama kawaida. Yule mlinzi, mtu mzima asiye na maneno mengi, akanyoosha mkono mbele ya toroli langu: "Dada, hiki kiruke." Wakarushiana maneno kwenye redio, msimamizi akilalamika kuhusu ratiba, mlinzi akirudia sentensi ileile. Shuka zile hazikwenda kwa dobi. Ziliwekwa kwenye mifuko ya karatasi, ikafungwa na kuandikwa saa. Lau zamu ile angekuwepo mwingine, mashine ingekuwa imeshamaliza kila kitu kabla ya saa sita mchana.

Kwa hiyo kosa la kingono likikupata, au likimpata mwenzio, asioge, asibadili nguo, na mlango ufungwe kwa yeyote mwenye ndoo. Omba kwa maandishi kwamba picha za kamera zihifadhiwe, maana zisipotengwa mapema hurekodiwa juu yake nyingine. Meli inayopandisha au kushusha abiria Marekani inabanwa na sheria ya mwaka 2010: kuwe na vifaa vya kukusanya ushahidi wa ubakaji, dawa za kuzuia maambukizi, simu ya faragha ya kumpigia mpelelezi au wakili, na makosa makubwa yaripotiwe FBI, wapelelezi wa serikali kuu ya Marekani. Usingoje kampuni ikupigie. Piga mwenyewe, na bandari inayofuata tafuta polisi na ubalozi wako.

Sheria hiyohiyo ndiyo iliyoweka tundu la kuchungulia kwenye milango. Litumie. Mhudumu wa kweli hubisha, hujitambulisha, na hakasiriki ukimwambia arudi baadaye. Anayekasirika, mripoti. Komeo la ndani lifungwe hata mchana ukilala, kwa sababu kadi yangu ilifungua kila mlango wa sehemu yangu. Na wazazi, jamani: nimeona watoto wakizurura kwenye korido saa sita usiku kwa kuwa "hawawezi kupotea humu." Kupotea hawapotei.

Mwisho ni tiketi, ile karatasi ndefu ambayo hakuna anayeisoma. Kwa kampuni nyingi zinazosafiri kutoka Marekani, ukiumia una miezi sita ya kutoa taarifa na mwaka mmoja wa kufungua kesi, katika mahakama waliyoichagua wao, mara nyingi Miami, jimbo la Florida. Mwaka 1991 Mahakama ya Juu ya Marekani ilikubali sharti la namna hiyo dhidi ya abiria wa jimbo la Washington aliyeumia baharini karibu na Mexico: kesi yake ilipaswa kufunguliwa Florida. Ule mwaka mmoja wa kufungua kesi unahesabiwa tangu siku ya kuumia, hata kama wiki za kwanza ulikuwa bado kitandani.