Samaki wa maji ya strungi

Jamani leo nimetoka Pine Barrens, msitu wa misonobari huku New Jersey, Marekani, magoti bado yana matope.

Maji ya kule ni kama strungi kabisa, sio uchafu, ni rangi ya mimea na madini ya chuma, halafu yana asidi, samaki wengi hawayawezi.

Nimepiga magoti ukingoni mwa bwawa pale penye majani mengi, nangoja weee, mara akatokea samaki anayeitwa kisayansi Enneacanthus chaetodon, mdogo kuliko kidole changu, mistari myeusi wima kama punda milia, na pezi la mgongoni limeanza na weusi halafu wekundu kidogo.

Akasimama tu kati ya majani, mapezi yanapepea taratibu. Nikabana pumzi nisimtishe.

Bwawa likikaushwa huyu anaenda wapi?

Nyie kwenu mtoni kuna samaki gani?