Noel hainuki tena

Nilifungua kioo cha gari nikiwa bado Lanagan, mji jirani, kama babangu alivyozoea, nikanusa. Hakuna kitu. Nikasema labda upepo umegeuka. Nikashika barabara ya 59 hadi chini ya yale majabali yanayoinamia lami, nikaingia mjini vioo vyote vinne vikiwa chini. Pua ilipata mto, nyasi zilizokatwa na moshi wa kuni wa jirani fulani. Basi.

Mliotoka Ifo na Hagadera, kambi za wakimbizi za Dadaab, Kenya, mkapitia Noel mnajua ninachosema. Kwa wengine nieleze kidogo: Noel ni kamji kalikojibanza kwenye kona ya kusini-magharibi ya jimbo la Missouri, Marekani; majimbo ya Arkansas na Oklahoma yako karibu kabisa, na sensa ya 2020 ilihesabu watu 2,124. Kiwanda chake cha kuku kilikuwa na wafanyakazi wapatao 1,500. Wengine walikuwa wakitoka miji ya jirani, lakini pigeni hesabu hiyo wenyewe. Agosti 2023 kampuni ikatangaza kwamba inafunga. Oktoba ikafunga.

Habari nilizipata kwa simu siku ile ile. Nikampa mama pole, nikatuma pesa, nikarudi kazini kwangu Minnesota. Sikuwa nimeielewa mpaka Aprili hii, pua iliponiambia.

Ile harufu haikuwa ya kinyesi tu kama wageni walivyodhani. Ilikuwa damu, manyoya yaliyochemshwa na klorini ya kuoshea mashine, vyote pamoja, na wakati wa joto ilikaa kwenye mapazia. Ilikaa kwenye mkate. Mama alifanya shifti ya usiku kwa miaka kumi na mitatu, kwenye laini ya kutoa mifupa, na alipoingia alfajiri harufu ilimtangulia mlangoni. Nilikuwa na miaka kumi na miwili tulipofika. Asubuhi alitaka kunikumbatia kabla sijaenda kushika basi la shule, nami nilimkwepa. Nilimkwepa karibu kila siku. Shuleni kulikuwa na watoto waliohama viti tukikaa karibu nao, kwa hiyo nilikuwa nikijisugua limau shingoni na kwenye viganja, na shati langu nililitundika nje, mbali na nguo za mama, hata kama kuna barafu.

Mama aliyaona yote hayo na hakusema neno. Alianza kuoga huko huko kiwandani kabla ya kuja nyumbani, akichelewa gari la wenzake na kutembea kwa miguu gizani. Hilo nililijua mwaka huu, nikiwa mtu mzima wa miaka ishirini na saba.

Nimekaa wiki mbili na kila siku nimekwenda langoni pale. Sina cha kueleza zaidi ya kwamba nimekwenda. Uwanja wa kuegesha magari ni mkubwa kuliko nilivyokumbuka, kwa sababu sikuwahi kuuona mtupu. Nyasi zimetoka kwenye nyufa za lami. Yale malori yaliyojaa vizimba, yaliyopita usiku kucha yakimwaga manyoya meupe pembeni mwa barabara, hayapo, na manyoya hayapo. Nilitembea na kutafuta hata moja kwenye majani ya ukingoni. Usiku ni kimya. Treni bado inapita katikati ya mji na kupiga honi, kisha kimya kinarudi. Tulipokuwa wadogo saa ya kubadilisha shifti tuliijua bila saa: milango ya magari, Kihispania, Kisomali, Kikaren cha watu wa Myanmar, watu wa visiwa vya Mikronesia wakicheka kwa sauti nzito. Sasa nikiamka usiku nasikia friji ya mama.

Watu walikwenda wapi? Walifuata kuku. Kuna viwanda vingine upande wa Arkansas, na kuna nyama ya ng'ombe huko Kansas na Nebraska. Duka letu la Kiafrika, lile la kununua unga, mchele na kadi za simu, limefungwa na kioo kimewekewa mbao. Chumba tulichoswalia kina kufuli. Vijijini nje ya mji nimeona mabanda marefu ya kuku yako wazi pande zote mbili, mwanga unapenya kutoka huku hadi huku. Mzungu mmoja mfugaji, ambaye zamani alituuzia kuni, aliniambia banda lenyewe ni la mkopo na mkopo haujaisha. Alilia, mzee yule. Sikuwahi kufikiri kwamba mimi na yeye tungekuwa na msiba mmoja.

Mjini wanasema mto utawaokoa. Ni kweli mto ni mzuri. Elk River ni maji safi, kokoto zinaonekana chini, na tangu mwisho wa Mei hadi mwanzo wa Septemba watu hufurika kutoka miji mikubwa na mitumbwi na maboya. Kuna mapango pia, kuna uvuvi. Na Desemba kuna ile desturi ya tangu miaka ya 1930: watu wa nchi nzima hutuma kadi za Krismasi posta ya hapa zigongwe muhuri wenye jina la mji, maana Noel kwa Kifaransa ndiyo Krismasi, ingawa wenyeji hutamka Nol. Lakini kadi na mitumbwi havikumlipia mama kodi ya kiwanja cha trela mwezi wa Januari. Na mto huo huo ndio uliotoka kingo zake Aprili 2017 ukaingia mjini. Mama hausahau, na mimi sikuwepo.

Mkitaka kwenda kuona wazee wenu, nawaambia niliyoyajifunza. Msifuate ile barabara kuu ya I-49 mpya iliyokamilika 2021. Ni ya haraka lakini itawavusha hadi Arkansas bila kuona chochote. Shikeni 59. Nendeni katikati ya wiki, kwa sababu Jumamosi ya kiangazi hamtapata pa kulala wala pa kuegesha. Nyama ya halali bebeni wenyewe. Na kama mama yako bado yuko pale, usije na lori.

Mimi nilikuja na lori la kukodi na maboksi ishirini. Nilikuwa nimemwandalia chumba, nimenunua kitanda. Alinitazama nikiyashusha maboksi, akaniuliza, "Hayo ni ya nani, mwanangu?" Nikamwambia tunahama. Akasema trela ni yake, ameilipa yote, kwa mikono hii. Akanionyesha mikono. Vidole viwili vya kulia havikunji tena; kikombe anakishika kwa viganja viwili kama mtoto. Tumebishana siku tatu. Siku ya nne nilirudisha lori Joplin.

Jana jioni nilikaa kwenye ngazi za mlango. Gambuti zake nyeupe za kazini ziko pale pale zilipokuwa zamani, chini ya benchi, zimesimama wima. Nilichukua moja. Niliangalia kama kuna mtu anayeniona, kisha nikaingiza uso wangu ndani kabisa nikavuta pumzi. Mpira na vumbi.

Nilipoinua kichwa mama alikuwa mlangoni.

"Niliziosha siku ya mwisho," akasema. "Nilidhani watazitaka." Akaichukua kutoka mkononi mwangu, akaipangusa kwa leso yake, akairudisha chini ya benchi kando ya mwenzake. Nilisimama nikamkumbatia. Alinuka sabuni na iliki. Alikaa kidogo, kisha akasema chai itapoa.