Kabichi ya leo imetutoa machozi

Leo Ijumaa. Hapa Addis Ababa majirani zangu Waorthodoksi wamefunga: hawali nyama, maziwa wala mayai. Nikasema basi, zamu yangu kupika mboga.

Kabichi, karoti, tangawizi, kitunguu saumu. Moto mkali kama wa Wachina, sosi ya soya pembeni.

Kisha nikamwaga berbere, ule unga wa pilipili na viungo wa Kiethiopia, kwenye mafuta yanayofuka moshi.

Jamani! Chafya nyumba nzima. Kumbe berbere hupikwa taratibu na vitunguu, haitaki pupa.

Nikarudia, safari hii nikaitia mwishoni, moto mdogo.

Mama jirani akamega injera, ule mkate wao laini kama chapati, akachota, akatafuna kimyaaa. Machozi yanamlengalenga.

Akachota tena.

Nyie mmewahi kuchanganya nini na nini?