Kumbukumbu ya mradi wangu: keki za mwezi za kuoka na za kuhifadhi kwenye baridi

Guangzhou, Septemba 2025

Ninaandika kumbukumbu hii wakati kazi ingali mikononi, kwa kuwa sikukuu ya Zhongqiu, yaani ya katikati ya majira ya vuli, ambayo huadhimishwa siku ya 15 ya mwezi wa nane katika kalenda ya jadi ya Kichina, mwaka huu ni tarehe 6 Oktoba, nami nimekusudia kuwaandalia majirani zangu wa hapa, pamoja na ndugu zetu wa Afrika Mashariki, keki za mwezi zilizotengenezwa nyumbani, yaani keki ndogo zenye mjazo ndani ambazo hupeanwa kama zawadi katika sikukuu hiyo. Sababu kubwa ni kwamba baadhi ya keki za madukani hutiwa mafuta ya nguruwe, na viini vya mayai vilivyomo ndani hunyunyiziwa pombe kabla ya kuokwa, hivyo Waislamu wengi kati yetu hupokea zawadi hiyo kwa heshima lakini hawaili. Ninataka mwaka huu waile.

Nimechagua aina mbili: ile ya jadi ya hapa jimboni Guangdong, yenye ganda la kahawia linalong'aa, na ile nyeupe isiyookwa bali huwekwa kwenye baridi, ambayo asili yake ni Hong Kong na ambayo Wachina huifananisha na theluji. Ratiba yangu yote imetawaliwa na jambo moja, nalo ni kwamba aina hizi mbili huzeeka kwa njia zinazopingana. Keki iliyookwa hutoka jikoni ikiwa kavu na hulainika kadiri siku zinavyopita, ilhali ile ya baridi huwa laini kabisa siku ya kwanza, kisha huanza kukakamaa.

Shira

Kazi ilianza na shira mwezi wa Agosti, kwa sababu shira changa haitoi ganda zuri. Nilichemsha gramu 400 za sukari, gramu 200 za maji na gramu 50 za maji ya limau kwa moto mdogo, bila kukoroga baada ya sukari kuyeyuka, hadi kipimajoto kiliposoma nyuzi 110 za Selsiasi na rangi ikafanana na kahawia ya chai. Asidi ya limau huivunja sukari kuwa glukosi na fruktosi, na ndiyo maana shira hii haifanyi chembechembe kama ile tunayomwagia kaimati, bali hubaki nzito na yenye kuvuta unyevu. Niliiweka katika chupa iliyofungwa vizuri, na kila wiki ilizidi kukolea rangi na kupoteza ukali wa limau.

Mjazo na ganda la kuoka

Mjazo unaoheshimiwa zaidi katika mji huu ni wa mbegu za yungiyungi. Duka la chai la Lianxianglou, lililoanzishwa 1889, limejipatia jina kwa mjazo huo. Nilinunua mbegu kavu za jimbo la Hunan, nikaziloweka usiku kucha, nikazipasua moja moja ili kutoa kichipukizi cha kijani kilichomo katikati, ambacho ni kichungu kama mwarobaini, kisha nikazichemsha hadi zikapondeka kwa vidole. Baada ya kuzisaga nilizirudisha kwenye karai pamoja na sukari, nikawa ninaongeza mafuta ya karanga kidogo kidogo na kusonga kwa mwiko muda wote, hadi donge likaacha kushika karai. Hatua hii inachosha mkono, lakini haifai kuikatisha: mjazo wenye maji mengi hutoa mvuke ndani ya tanuri, na keki huvimba ubavuni au kupasuka.

Viini nilivitoa katika mayai ya bata yaliyohifadhiwa kwa chumvi, nikavipaka mafuta ya karanga badala ya pombe, nikavioka kwa nyuzi 180 hadi vikaanza kutoa mafuta yake.

Ganda ni gramu 100 za unga wa ngano laini wa keki, gramu 75 za shira, gramu 25 za mafuta ya karanga na gramu 2 za maji ya magadi ya Kichina, ambayo ni myeyusho wa kaboneti ya potasiamu. Magadi haya hufanya kazi mbili, kwani huiondoa asidi iliyobaki katika shira na huliwezesha ganda kushika rangi haraka. Donge hupumzishwa kwa saa mbili au zaidi. Kwa kalibu ya gramu 50 ninatumia gramu 15 za ganda na gramu 35 za mjazo pamoja na kiini, nikilisukuma ganda taratibu kwa kiganja mpaka lifunike pande zote bila kuacha hewa.

Keki hunyunyiziwa maji, huokwa kwa nyuzi 200 kwa dakika 5 ili nakshi zishike, hutolewa zipoe kidogo, ndipo hupakwa yai lililopigwa kwa brashi iliyokaribia kukauka, kwa sababu yai likiwa zito huzifukia nakshi. Hurudishwa kwa nyuzi 180 hadi zipate rangi. Zikishapoa huwekwa katika kopo lililofunikwa, na baada ya siku mbili au tatu shira na mafuta hupenya hadi juu, ganda likalainika na kung'aa. Mtu anayeionja siku ya kuokwa hajaijua keki hii bado.

Zisizookwa

Hapa ninachanganya gramu 45 za unga wa mchele wa kunata, gramu 35 za unga wa mchele wa kawaida, gramu 20 za wanga wa ngano, gramu 50 za sukari, gramu 185 za maziwa na gramu 20 za mafuta. Uji huo huchujwa, hupikwa kwa mvuke hadi uive kote, kisha hukandwa ungali na joto mpaka umeze mafuta yote. Mjazo wake ni choroko zilizomenywa, zikapikwa na kusongwa kama zile mbegu. Wanga wa mchele ukikaa kwenye baridi hujipanga upya na kukakamaa, kwa hiyo keki hizi nitazitengeneza jioni ya tarehe 5 tu.

Majaribio ya sasa

Kaskazini mwa China huoka keki zenye mjazo wa kunazi nyekundu zilizokaushwa, na jambo hilo limenipa wazo la kutumia tende. Tende zilizosagwa zina unyevu mwingi, hivyo ninazikausha kwenye karai pamoja na mafuta na unga kidogo uliokaangwa. Donge la leo limeshika umbo ndani ya kalibu, na kesho litaingia tanurini pamoja na ganda la shira ya Agosti.