Nilivuka Milima ya Rocky Bila Kujua

Picha niliyomtumia kaka yangu aliyeko Tabora ilimchekesha. Nilikuwa nimemwandikia kwamba nimesimama South Pass, pito la milimani katika jimbo la Wyoming, Marekani, mahali ambapo, kabla ya reli ya kuvuka bara kukamilika mwaka 1869, watu wanaokadiriwa kati ya laki tatu na laki tano walivuka Milima ya Rocky wakielekea Oregon, California na Utah, naye akajibu: "Mbona umenipigia picha ya mbuga? Milima iko wapi?"

Sikumlaumu. Marehemu baba yetu alikuwa dereva wa lori katika njia ya Tunduma, na kwetu kupanda mlima kulimaanisha Kitonga: injini inanguruma kwa gia ndogo, breki zinanuka, na utingo anakimbia kando ya lori akiwa na gogo mkononi, tayari kulitia nyuma ya gurudumu endapo gari litaanza kurudi. Jambo la namna hiyo ndilo nililotarajia nilipoondoka Salt Lake City, mji ninaoishi kwa mwaka wa saba sasa. Badala yake nilikuta uwanda mpana wa vichaka vya kijivu na upepo usiokatika, na kwa mbali, upande wa kaskazini, vilele vyeupe vya safu ya milima ya Wind River, ambavyo kirefu kuliko vyote kinafika mita 4,209. Pito lenyewe liko kwenye mita 2,260 hivi, lakini mtu huufikia urefu huo polepole mno, kiasi kwamba Frémont, aliyekuja kupima njia mwaka 1842, alifananisha kupanda huko na kupanda kilima cha Bunge mjini Washington.

Upole huo ndio thamani yote ya South Pass. Mtu mwenye nyumbu mmoja hupenya hata kwenye genge, lakini gari la mbao lililofunikwa turubai, lililosheheni unga, nyama ya chumvi na zana za kilimo, likikokotwa na maksai ambao siku ikiwa njema hutembea kilomita 24 tu, linahitaji mwinuko wa taratibu, maji na malisho, na mto Sweetwater uliwapa wasafiri mambo hayo hadi karibu kabisa na pito. Washoshone na Wakrow, wenyeji asilia wa eneo hili, walilijua tangu zamani. Robert Stuart, mfanyabiashara wa manyoya, alipita mwaka 1812 akielekea mashariki, habari zake zikalala, hadi mwaka 1824 mwindaji Jedediah Smith na wenzake walipolifikia baada ya kuelekezwa na Wakrow, na Bonneville, kapteni wa jeshi, akavusha magari mwaka 1832. Ninaposoma kwamba pito hili "liligunduliwa", hutabasamu kama mtu aliyefundishwa shuleni kwamba Speke aligundua Ziwa Victoria.

Kumtaja Speke kunanikumbusha mwenzake, mpelelezi Mwingereza Richard Burton. Mwaka 1857 Burton aliwasili Kazeh, yaani Tabora yetu, akiwa na msafara wa wapagazi, kwa kuwa mbung'o hawakuwaacha wanyama wa mizigo waishi. Na mwezi Agosti 1860 akapita hapa South Pass akiwa ameketi ndani ya gari la posta lililokokotwa na nyumbu. Njia ya wazee wetu Wanyamwezi, kati ya Bagamoyo na Ujiji, ilikuwa ya nyayo, watu wakifuatana mmoja mmoja, na mahali pengi majani yameifunika. Hapa pete za chuma za magurudumu zimechimba mifereji miwili iliyokwenda sambamba, nami nilitembea ndani ya mmojawapo, ukingo wake ukinifika chini kidogo ya goti.

Si wote waliokuwa na maksai. Mwezi Oktoba 1856 Wamormoni, waumini wa dhehebu lenye makao yake Utah, wa kundi lililoongozwa na James Willie, wengi wao wahamiaji kutoka Uingereza na Skandinavia, walifika eneo hili wakivuta mikokoteni kwa mikono yao. Walikuwa wamechelewa kuanza safari, chakula kilikuwa kimepungua, na theluji ikawakuta njiani. Tarehe 23 walipanda Rocky Ridge katika dhoruba, na kesho yake, kambini Rock Creek, mashariki tu mwa pito, watu 13 walizikwa katika kaburi moja, kisha wawili zaidi wakazikwa jirani yao. Mzee mmoja wa mtaani kwetu, ambaye bibi wa bibi yake alinusurika katika msafara ule, alinisimulia haya jikoni kwake huku akinikaribisha maji moto ya limau, maana Wamormoni hawanywi chai, na alipofika kwenye kaburi alinyamaza kwa muda mrefu kama jamaa wa marehemu wa juzi.

Kwa wasafiri wengi, mahali hasa pa kuvukia hapakutambulika. Waliulizana kama wamekwisha kupita au bado, na jibu walilipata kilomita chache mbele, kwenye chemchemi za Pacific Springs, kwa sababu maji ya Sweetwater huishia Ghuba ya Meksiko, ilhali ya huku hushuka mto Green, yakaingia Colorado na kuelekea upande wa Pasifiki. Nami niliteremka hadi kwenye kijito, ambacho ni chembamba na kimejaa matope ya kwato za ng'ombe. Maji yalionekana kama yamesimama. Nilichuma jani, nikalitupa katikati, nikachutama kusubiri. Likazunguka mara mbili papo hapo, kisha likaanza kwenda magharibi.