Nilivyotoka kubeba taa hadi kuwa meneja wa uzalishaji

Kwenye filamu za Bongo nimefanya karibu kila kazi isipokuwa kuonekana. Nilianza kwa kubeba taa Sinza, nikawa dada wa kontinyuti, yule anayeangalia nywele, nguo na vitu visibadilike kutoka sini moja hadi nyingine, nikashika maiki, nikahariri, na sasa mimi ni meneja wa uzalishaji. Wadogo zangu huniuliza nilipitia kwa nani. Sikupitia kwa mtu. Nilikuwa nachukua kazi iliyokosa mwenyewe siku hiyo.

Kontinyuti niliipata hivyo. Zilikuwa enzi za DVD za Kariakoo, na kama ilivyo hadi leo, sini zilipigwa kwa kufuata mahali, si mtiririko wa hadithi. Sini zote za sebuleni zinapigwa pamoja, hata kama moja ni posa na nyingine ni msiba. Sasa staa Jumanne kasuka twende kilioni, Jumatano anatokea na wigi, na kwenye hadithi ni jioni ileile. Hakuna aliyekuwa anaandika. Nikanunua kaunta buku: soda imefika wapi kwenye glasi, mkono upi umeshika simu, shati limekunjwa mara ngapi, saa ya ukutani inasema nini. Sini za watu wanaokula ndizo balaa, maana kila tonge unalihesabu.

Mtu wa sauti alipopata kazi ya tangazo akatuacha, dairekta akanigeukia: "Mdogo wangu, wewe si unaijua skripti yote? Shika bumu." Bumu ni ule mti mrefu wenye maiki nchani. Na kweli kuijua skripti kulinisaidia, kwa sababu nilijua nani anafuata kuongea, maiki ikawa inamfika kabla hajafungua mdomo. Dar ina makelele yake: kunguru, bajaji, jenereta la jirani. Adhana unaisubiri tu iishe. Friji la mwenye nyumba unalizima, halafu funguo za gari unaziweka ndani ya friji hilohilo, usije ukaondoka bila kuliwasha. Nyama ya watu ikioza, lokesheni hiyo mmeiaga. Na kabla ya kufungasha, unawaomba watu wote wanyamaze nusu dakika urekodi ukimya wa chumba. Wanachukia! Lakini mhariri bila ukimya ule hana cha kuzibia mapengo kati ya maneno.

Hilo nililielewa vizuri nilipoanza kukaa na mhariri jioni. Alikuwa anatumia kaunta buku yangu kutafuta teki nzuri, yaani mara ipi sini ilipigwa vizuri, akaniachia nioanishe sauti na picha: unatafuta fremu ambayo klapa, kile kibao kinachogongwa mbele ya kamera, inagusana, unailinganisha na mchomo kwenye mawimbi ya sauti. Baadaye nikaanza kuhariri mwenyewe. Filamu iliuzwa Part 1 na Part 2, kwa hiyo tuliambiwa tuirefushe. Gari linaingia getini, linapaki, mtu anashuka, anatembea hadi mlangoni, anabisha. Watazamaji walidhani ni mtindo wetu, kumbe ni biashara. Mimi naona biashara ile ilituharibu mikono, ikatuchukua muda kujifunza upya kukata.

Soko la DVD lilipodidimia, kazi nyingi zikahamia kwenye tamthilia za televisheni, na tamthilia haingoji mtu. Hapo ndipo wakataka mtu wa kupanga. Kupanga ni kuichambua skripti: kila ukurasa unagawanywa vipande nane, unajua leo mnapiga vingapi. Ila usidanganywe na hesabu, kipande kimoja chenye mtoto mchanga au mbuzi kinakula nusu siku. Kwa kuwa niliwahi kushika bumu na kuhariri, najua wapi pa kubana na wapi nikibana tutalia chumba cha uhariri.

Vibali ni Bodi ya Filamu, kisha ofisi ya serikali ya mtaa, kisha mama wa jirani: "Shikamoo mama, tunaomba utupunguzie redio kidogo." Huyu wa mwisho ndiye mwenye nguvu kuliko wote. Kuhusu pesa, prodyuza mmoja aliwahi kunizungusha malipo hadi akaacha kupokea simu. Tangu hapo nachukua nusu kabla kamera haijawashwa, na mama ntilie namlipa kila jioni, taslimu.

Wananiuliza lini nitakuwa dairekta. Sina haraka nayo. Kuna tamthilia inaanza wiki ijayo Kigamboni, na bado sijapata nyumba yenye sebule isiyopakana na kijiwe cha bodaboda.